Siku moja maishani mwangu: mkaguzi wa vitu vya kale

Saa 2 asubuhi. Navaa glovu. Mezani kuna mchoro wa rangi za mafuta, mto na mawingu, pembeni umeandikwa 1908. Mwenyewe aliuleta jana pamoja na bahasha nene ya karatasi. Sijaifungua. Karatasi zina ulimi mtamu.

Saa 2:30. Huanzia mgongoni, maana mghushi hutumia miezi mbele na nusu saa nyuma. Turubai ni kuukuu kweli, misumari imeshika kutu. Hilo peke yake halinipi kitu: wajanja hutafuta mchoro wa zamani usio na thamani, wakakwangua rangi na kuchora upya juu yake. Han van Meegeren, mghushi wa Kiholanzi, alifanya hivyo, akaitia rangi yake bakelaiti, aina ya plastiki ngumu, ipate kuwa ngumu kama ya karne tatu, na mwaka 1937 wataalamu wakaupokea mchoro wake kama kazi ya Vermeer, mchoraji maarufu wa Uholanzi wa karne ya 17.

Saa 5. Nautua kidogo, nashika kisanduku cha mbao "kilicholiwa na wadudu". Naingiza waya mwembamba tunduni: unanyooka moja kwa moja, unakwama milimita 9. Tundu la pili, 9. La tatu, 9. Mdudu hutafuna akipindapinda, hana rula. Hiyo ni drili.

Saa 8 mchana. Narudi kwenye mchoro. Mashine ya eksirei inasoma titani, aina ya metali, kwenye mawingu. Rangi nyeupe iliyotengenezwa kwa titani haikuwa mikononi mwa wachoraji kabla ya Vita vya Kwanza vya Dunia. Ndiyo iliyomuumbua mghushi Mjerumani Wolfgang Beltracchi kwa mchoro uliodaiwa kuwa wa 1914, akahukumiwa 2011. Lakini huenda fundi alirekebisha mawingu baadaye, kwa hiyo nachukua chembe ndogo kuliko punje ya chumvi na kuipima tabaka kwa tabaka. Titani iko hadi tabaka la chini kabisa.

Saa 10. Sasa bahasha. Barua tatu za wamiliki watatu, miaka tofauti, miji tofauti, na zote zimepigwa chapa kwa herufi "a" iliyokatika mkia pale pale. Nacheka peke yangu.

Saa 11. Mwenyewe amefika, mzee mpole. Anasoma ripoti mara mbili.

"Mwanangu, huwezi kuandika tu 'huenda'?"

"Siwezi, mzee."

Kimya. Kisha anagusa ukingo: "Na fremu?"

"Fremu ni ya kale kweli."

Ameondoka nayo kwapani, mchoro ukiwa bado ndani.