Mzee aliyesema hajaiona amri ya mahakama

Niliweka rehani mikorosho yangu kwa mzee mmoja hapa Tandahimba, mtu niliyekuwa namwita mjomba, nikapata ada ya mwanangu. Pesa nilirudisha, akapokea mbele ya mashahidi, lakini msimu ulipofika akaingia tena kuokota. Nikafungua madai, mahakama ikampa zuio asikanyage shambani mpaka kesi iishe.

Wiki haikupita. Tukifika asubuhi tunakuta chini ya mikorosho pamesafishwa. Majirani wakanishauri niwatume wanangu na mapanga. Ushauri ule uliniudhi sana, maana wenye amri mkononi ni sisi, halafu tugeuke washtakiwa wa jinai!

Nikakimbilia kwa hakimu na uchungu wangu wote. Mzee akasimama, akasema kwa upole kabisa, "Mheshimiwa, hiyo amri mimi sijaiona." Hakimu akanigeukia: "Mama, ilimfikia lini? Nani alimpelekea? Alisaini wapi?" Nikabaki mdomo wazi. Nilikuwa nimempa kijana wa bodaboda, naye akamwachia mke wa mzee. Maombi yangu yakatupwa, na korosho zinaendelea kudondoka. Usiku ule sikulala.

Safari ya pili nilimlipa msambaza nyaraka wa mahakama, elfu kumi na kitu pamoja na nauli. Alimkuta mzee barazani kwake, akagoma kusaini. Kugoma hakukumsaidia: msambaza aliandika kwamba amegoma, mtendaji wa kijiji akashuhudia, kisha kikaapwa kiapo cha kumfikishia. Ile tarehe niliiandika kwa mkaa kwenye ukuta wa jiko.

Bado akaokota. Sasa, korosho za huku zinauzwa kwa stakabadhi ghalani: unapeleka chama cha msingi cha ushirika, zinapimwa, linaandikwa jina, kilo na tarehe, kisha zinauzwa mnadani. Hofu yangu ilikuwa atawauzia kangomba, wale wanunuzi wa magendo, ambako hakuna karatasi, ila bei ya mnada ilimvuta. Karani wa chama ni mkwe wake, sikuhangaika naye. Nilimwomba hakimu amwite aje na daftari. Lilipofunuliwa, mizigo mitatu, yote baada ya tarehe yangu ya mkaa! Mzee akadai ni za shamba lake. Mtendaji akaeleza kwamba shamba lake ni miche ya mwaka jana.

Hapo hakimu akamtaka aeleze kwa nini asiende gerezani kama mfungwa wa madai, yaani kwa kuvunja amri ya mahakama bila kesi ya jinai, kifungo kinachoweza kufika miezi 6. Akaomba siku saba, zikaisha, akaomba nyingine. Nikanyoosha mkono: "Mheshimiwa, kila siku anayopewa ni ndoo nyingine ya korosho zangu." Akapewa siku tatu. Siku ya pili fedha za mauzo zikawekwa mahakamani.

Zuio lenyewe lina miezi 6 tu, kwa hiyo niliomba liongezwe kabla halijaisha. Kesi ya msingi inaendelea, lakini asubuhi hizi naokota mwenyewe, na korosho nazikuta pale zilipodondokea.