Mkongwe wa Tano: Siku Moja Maishani Mwangu

Saa moja kasoro dakika kumi asubuhi

Kifundo cha mguu wangu wa kushoto huamka kabla yangu. Nakanyaga sakafu, nakisikiliza. Leo kimelia mara moja kikanyamaza. Basi tutaelewana.

Ni Ijumaa ya Januari 2025. Nje ni nyuzi 11 chini ya sifuri, theluji imelifunika gari tunalotumia watu watatu, na chumba cha pili kijana wa Quebec anakoroma kama trekta. Ana miaka 22. Mimi nina 31, na katika hoki ya barafu ya ngazi hii mtu wa 31 ni babu. Wenzangu wananiita "Mzee." Neno hilo niliwafundisha mwenyewe nilipokuwa na 28, kwa majivuno. Sasa limenirudia.

Nacheza beki kwenye ECHL. Kwa msiojua, hiyo ni ngazi ya tatu ya hoki ya kulipwa huku Amerika Kaskazini: juu yetu kuna AHL, na juu ya AHL ndiyo NHL mnayoiona kwenye runinga. Timu yangu siitaji, maana napenda kuendelea kulipwa. Jueni tu kwamba ni mji wa viwanda katikati ya Marekani, na kwamba hii ni timu yangu ya tisa katika misimu minane, ukihesabu msimu mmoja Slovakia na mmoja Uingereza. AHL nimeonja mechi tisa. NHL nimenunua tiketi.

Saa mbili asubuhi

Mombasa ni saa kumi jioni, kwa hiyo nampigia Bibi kabla hajaanza shughuli za chajio. Nilizaliwa kule. Nilipofika miaka mitano Mama alipata kazi ya kuhudumia wazee Edmonton, Kanada, tukahamia mji ambao mto wake huganda na kila mtaa una kiwanja cha barafu cha bure. Watoto wenzangu walikuwa pale kila jioni, nami nikaenda waliko watoto. Hakuna siri nyingine.

"Shikamoo Bibi."

"Marahaba baba. Ushakula?"

"Bado, napika mayai."

"Leo mwacheza?"

"Timu inacheza. Mimi sijui bado."

"Na huyo mwalimu wenu naye hajui?"

Kila wiki namweleza, na kila wiki ananiuliza upya. Ngoja niwaeleze na nyinyi. Katika ligi yetu, mchezaji aliyeanza msimu akiwa tayari na mechi 260 za kulipwa anahesabiwa kuwa mkongwe, na timu hairuhusiwi kuvalisha wakongwe zaidi ya wanne kwa mechi moja. Makipa hawahusiki. Nia ni kuwaachia vijana nafasi, kwa sababu ligi ipo ili kuwalea wapande juu. Siilaumu. Nilipokuwa na miaka 24 kanuni hiyo ndiyo iliyonipa kazi. Taabu ni kwamba timu yetu ina wakongwe watano, na kila siku ya mechi mmoja wetu huvaa suti akakae jukwaani kula bisi.

"Si Nairobi kuna barafu?" Bibi ananiambia. "Rudi ucheze Nairobi, hapo huhesabiwi."

Hakosei. Uwanja wa Panari Hotel, kwenye Mombasa Road, ni mdogo kuliko wa kawaida lakini barafu ni barafu, na vijana wa Kenya Ice Lions wanajifua hapo. Mwaka 2018 waliletwa Kanada wakacheza pamoja na Sidney Crosby na Nathan MacKinnon, nyota wa NHL, na mwaka 2024 Kenya ikapokelewa kuwa mwanachama mshiriki wa shirikisho la dunia. Kwa maneno mengine, wale vijana wamecheza na Crosby, mimi sijacheza naye. Hili Bibi analijua, na hulitumia.

Saa nne asubuhi

Mazoezi ya asubuhi siku ya mechi ni dakika ishirini na tano hivi, mepesi, ya kuamsha miguu na kuonja barafu. Ndiyo, huonjwa. Kuna barafu ngumu inayokata kama kioo na kuna barafu laini inayokula makali ya kiatu. Kabla ya kuingia nampa fundi wa vifaa viatu vyangu avinoe. Huyu ndiye mtu muhimu kuliko wote jengoni, kocha akiwemo. Ananoa jozi ishirini kila siku, anajua nani anataka makali ya kuuma na nani anataka ya kuteleza, na hufua soksi zetu saa ambazo sisi tumelala.

Ubao uko ukutani karibu na mlango wa kuogea. Hakuna anayeutazama wazi. Unapita kama mtu anayetafuta taulo, jicho linakimbia kwenye safu ya mabeki, linarudi. Jina langu halikuwepo. Nikachukua taulo kweli, ingawa nilikuwa na moja begani.

Kocha aliniita ofisini. Mtu mwema, mdogo kuliko kaka yangu mkubwa. Akasema nimefanya mazoezi vizuri, akasema mechi ni tatu kwa siku tatu, Ijumaa, Jumamosi na Jumapili, kwa hiyo anataka miguu mipya kesho. Mchezaji wa kuhamahama hujifunza kusikiliza maneno kama hayo kwa uso wa mtu anayesomewa utabiri wa hali ya hewa. Nikamwambia sawa, kocha. Kisha wasiocheza tukabaki barafuni nusu saa zaidi, tukikimbizwa kutoka mstari hadi mstari mpaka jasho likaganda kwenye ndevu. Hiyo ndiyo kodi ya kutocheza: unafanya kazi zaidi ya wanaocheza.

Saa saba mchana

Chakula cha siku ya mechi kwa wachezaji wengi ni tambi na kuku. Nilikula tambi miaka sita, zikanishinda. Sasa napika wali wa nazi, nazi ya kopo maana ya kukuna siipati, na kuku wa kuchoma kwa ndimu na kitunguu saumu. Kijana wa Quebec mwanzoni alinusa kwa mashaka. Siku hizi anakwangua ukoko kabla yangu.

Nyumba tunapewa na timu, na kwa mtu wa ligi hii hilo ni nusu ya mshahara. Nusu nyingine inalipwa kwa wiki, dola mamia kadhaa, na msimu ukiisha Aprili inakatika. Kima cha chini cha NHL msimu huu wa 2024-25 ni dola 775,000. Nilishawahi kupiga hesabu ni miaka mingapi ningecheza hapa kufikia hiyo. Nikaacha katikati, nikaenda kuosha vyombo. Kila Mei nafanya kazi ya kuezeka paa na binamu yangu Edmonton, na mikono yangu ya kiangazi ina sugu kuliko ya msimu.

Saa nane mchana

Usingizi wa kabla ya mechi ni kama sala kwa wachezaji wa hoki. Pazia nzito, simu mbali. Mimi sikuwa na mechi, lakini mwili haujui, ukalala.

Simu ikalia saa tisa na dakika kumi. Nilipoona jina la kocha, wazo la kwanza halikuwa zuri. Nimewahi kuamshwa hivyo nikaambiwa nimehamishwa timu. Mara mbili nimebadilishwa kwa wachezaji halisi, na mara moja kwa kile wanachokiita fidia ya baadaye, yaani timu ile imekuchukua na timu hii itapewa kitu, siku moja, pengine. Mama aliniuliza, "Walikuuza kwa nini?" Nikamjibu bado hawajaamua. Alicheka mpaka akaweka simu chini, kisha akapiga tena kuniuliza kama nina soksi za kutosha.

Safari hii kocha alisema maneno manne: "Mke wake ana uchungu." Mkongwe mwenzetu, beki wa upande wa kulia, yuko njiani kwenda hospitali, wiki mbili kabla ya tarehe. "Unaweza?"

Wali wa nazi ulikuwa umejaa tumboni. Nikasema naweza.

Saa kumi na moja jioni

Suti ni vazi la wanaocheza na wasiocheza, kwa hiyo shati nilikuwa nimeshapiga pasi. Uwanjani kila mtu ana ibada yake. Mimi nafunga tepu kwenye gongo, kutoka kisigino kwenda ncha, nyeusi, mizunguko inayolaliana bila kuacha nafasi, kisha napaka nta. Gongo moja la kaboni dukani ni zaidi ya dola 300, na sisi hupewa na timu, kwa hiyo ukilivunja kwa hasira fundi wa vifaa anakutazama mpaka unajisikia mwizi.

Kisha danadana. Watu hawaamini, lakini karibu kila timu ya hoki hupasha misuli kwa mpira wa miguu: tunasimama duara kwenye ukumbi wa zege, nguo za ndani na raba, mpira usiguse chini, anayekosea anatoka. Hapa ndipo Mombasa hunilipa. Wenzangu wanaruka kwenye barafu kama ndege, lakini wape mpira uwatue kifuani uone. Nilibaki wa mwisho, kama kawaida, na kama kawaida wakasema nimefanya udanganyifu.

Saa moja na robo usiku

Taa, wimbo wa taifa, watu elfu tatu na ushei. Ulikuwa usiku wa jezi maalumu, tukavalishwa jezi za rangi ya machungwa zenye picha ya samaki. Msiniulize kwa nini samaki.

Kwa anayetazama, hoki ni vurugu. Kwa anayecheza ni zamu. Unaruka ukuta, unakimbia kwa nguvu zote sekunde arobaini au arobaini na tano, unarudi benchi mapafu yakiwaka, unatema mate, zamu inakuja tena. Vipindi vitatu vya dakika ishirini, na mimi nilicheza labda zamu ishirini na mbili. Sikukumbuka hata moja ya kipindi cha kwanza.

Ya kipindi cha tatu naikumbuka. Tuko sare ya magoli matatu kwa matatu, zimebaki dakika nne, na mtu wao mwenye shuti kali ananyanyua gongo. Paki ni kisahani cha mpira mgumu, gramu 170 hivi, na kabla ya mechi hugandishwa kwenye friza ili isidunde ovyo. Kwa hiyo Bibi anaposema ninacheza mpira wa friji, hatanii sana. Kazi ya beki wa aina yangu, asiye na mbio wala chenga, ni kujitia kati ya kisahani hicho na lango. Hupigi hesabu. Ukipiga hesabu umechelewa. Nikapiga goti, nikageuza mguu, ikanipata kwa ndani, juu ya kifundo. Kile kile cha kushoto.

Maumivu hayo yana tabia ya kuja na baridi kwanza, halafu moto. Nikajaribu kusimama, mguu ukakataa, nikatambaa hadi benchi kwa goti moja huku paki ikienda upande wa pili, na jukwaa likapiga kelele nzuri kuliko ile ya goli. Kijana wa Quebec alinivuta kwa ukosi wa jezi kama mtoto aliyetumbukia kisimani. "Mzee, ça va?" Nikamwambia nipe maji, acha Kifaransa.

Zamu mbili baadaye nilirudi. Tulifungwa kwa mikwaju, baada ya dakika za nyongeza. Sina la kuongeza hapo.

Saa nne na nusu usiku

Jezi za samaki zilipigwa mnada palepale barafuni, tukiwa tumezivaa, kwa ajili ya hisani. Ya kipa kijana ilifika dola 600. Yangu 140, na aliyeinunua, mzee mmoja mwenye miwani minene, aliniambia alitaka ya namba 24 lakini ilimzidi bei. Nikamsainia.

Mguu kwenye ndoo ya barafu, nikamwona kijana wa Quebec akitoka ofisini kwa kocha amekauka uso. AHL wamemwita. Mkataba wa majaribio, awe kule asubuhi, na ni mwendo wa saa tatu kwenye theluji. Aliketi kando yangu akashindwa hata kufungua kamba za viatu. Nilimwambia apunguze kuzungumza, apige paki nje ya eneo letu bila mapambo, na asipige mtu magoti siku ya kwanza. Halafu nikakumbuka wali. Tulipita nyumbani nikamfungia uliobaki kwenye kopo la aiskrimu, na tai yangu ya buluu nikampa kwa kuwa yake ina doa la sosi.

Saa saba usiku

Basi letu lina vitanda vya ghorofa, na sasa linakwenda Wheeling, West Virginia, tunakocheza kesho. Kitanda cha chini katikati, pasipotikisika sana, ndiyo haki pekee ya ukongwe ambayo sijanyang'anywa. Mguu nimeuweka juu ya begi. Mtu fulani huko mbele amepiga ukelele: picha imefika, msichana, kilo tatu na kidogo. Basi zima limeamka, hata dereva amepiga honi.

Baba mtu hatakuja Wheeling. Kwa hiyo kesho wakongwe tuko wanne.

Mombasa ni saa tatu asubuhi. Bibi ametuma ujumbe wa sauti, nyuma yake nasikia kuku na redio: "Baba, ulicheza?"

Nikamwandikia nilicheza.

"Mlishinda?"

Nikamwambia mtandao wa kwenye basi unakatika.