Nusu milimita ya mdomo

Mwaka wangu wa pili karakanani niliharibu bomba la kinanda. Halikuwa kubwa, urefu wake kama mkono wangu toka kiwiko hadi ncha za vidole, na nilikuwa nimelitengeneza mwenyewe tangu likiwa uji wa madini. Niliukata mdomo wake juu kupita kiasi. Kiasi gani? Labda nusu milimita. Fundi alilipuliza, akainamisha kichwa, akalipuliza tena, kisha akalilaza mezani taratibu.

"Hili sasa linalia kama bundi, binti."

Nikisema natengeneza vinanda, watu hufikiria vile vya umeme vyenye spika. Changu ni kinanda cha mabomba. Ndani yake hamna spika hata moja. Ni mamia ya filimbi, pengine maelfu, zilizosimamishwa juu ya kasha la mbao lililojaa upepo. Ukibonyeza kitufe, vali inafunguka chini ya bomba, upepo unapanda, bomba linalia. Mengine yote ni useremala, ngozi ya kondoo na subira.

Mabomba mengine ni ya mbao. Ya metali huchanganywa bati na risasi. Bati hapa ni stani yenyewe, si mabati ya kuezekea, na risasi si ya bunduki (nimeshaulizwa). Risasi peke yake huyeyuka kwenye nyuzi 327 za Selsiasi, stani kwenye 232, lakini ukizichanganya kwa kipimo fulani huanza kuyeyuka kwenye 183, chini ya zote mbili. Uji huo unamiminwa ndani ya sanduku lisilo na kitako, lililowekwa kwenye ncha ya meza ndefu. Halafu unalisukuma sanduku ukitembea nalo hadi mwisho wa meza, nalo linaacha bamba nyuma yake. Ukisita, bamba linapata kovu. Ukikimbia, linakuwa jembamba kama karatasi.

Hapo ndipo ninapopapenda. Kwa sekunde chache bamba linang'aa kama maji yaliyotulia, unaweza kujiona uso. Mara mng'ao unakufa, na kama mchanganyiko ni karibu nusu kwa nusu, madoa yanaanza kuchomoza, moja hapa, moja pale, hadi bamba lote lina madoadoa kama chui. Nimeliona mara nyingi mno na bado huwa naacha kazi nyingine nitazame.

Baada ya hapo bamba hukatwa, likaviringishwa kwenye gogo la mviringo, kingo zikapakwa chokaa na gundi ili lehemu isitambae ovyo, likalehemiwa. Kazi ya mikono tu, unaizoea.

Mdomo hauzoeleki. Upepo unaopanda kutoka mguu wa bomba hupita kwenye ufa mwembamba, ukatoka kama utepe na kuupiga mdomo wa juu. Utepe ule unayumba, mara ndani mara nje, na hewa iliyomo kwenye bomba inatikisika nao. Mdomo ukiwa chini, sauti ni kali na ina makali ya ukingoni. Ukipandishwa, inakuwa ya mviringo, kisha butu, kisha bundi. Kwa hiyo unakata unyuzi, unapuliza, unasikiliza, unakata tena. Metali ukishaiondoa hairudi. Kiraka kingewezekana kwenye lile bomba langu, ila Fundi hakutaka kusikia habari za kiraka. Alinituma nalo kwenye chungu, nikaliyeyushe.

Nilikasirika siku ile. Baadaye nilikuja kusoma habari za kinanda cha kanisa la Mtakatifu Yakobo, Hamburg, Ujerumani, alichokikamilisha fundi wa vinanda Arp Schnitger mwaka 1693. Rejista 60, yaani safu za mabomba, kila moja na sauti yake, mabomba kama 4,000, na sehemu yake si kazi ya Schnitger: aliyakuta mabomba ya mafundi waliomtangulia, akayasikiliza, mazuri akayabakiza. Hakuona aibu. Mwaka 1917 mabomba ya mbele yakachukuliwa, maana vita vilihitaji stani. Mengine yalifichwa katika vita vilivyofuata, ndiyo maana yalipona kanisa lilipoteketea mwaka 1944. Chungu changu kiliyeyusha bomba moja bovu. Hicho kingine cha vita sijui nikiite nini.

Aliyeanzisha mambo haya anatajwa kuwa Ktesibio wa Aleksandria, Misri, katika karne ya 3 kabla ya Kristo, mtoto wa kinyozi. Warumi walisimulia kwamba alitaka kioo cha dukani kwa baba yake kiweze kupanda na kushuka kwa uzito uliofichwa ndani ya mrija, na uzito ule uliposhuka, hewa iliyobanwa ilitoka na mlio. Kinanda chake kilitumia maji, si kwa kutoa sauti bali kwa kuubana upepo usipungue wala kuzidi. Mabaki ya kinanda cha Kirumi yalipatikana mwaka 1931 huko Aquincum, ndani ya Budapest ya leo, pamoja na kibao chenye mwaka 228 baada ya Kristo: mabomba 52, safu nne za kumi na tatu.

Maji hatujaachana nayo. Upepo wa kinanda tunaupima kwa mrija wa kioo uliokunjwa kama herufi U, wenye maji ndani. Yakipishana milimita 75 hivi, vinanda vingi vimeshiba. Kupuliza puto kunahitaji nguvu zaidi, na bado upepo huohuo ndio unaotikisa benchi ulilokalia, ukitoka kwenye bomba la mita tano.

Nilitengeneza bomba lingine badala ya lile la bundi. Liko safu ya nyuma, mahali ambapo hakuna msikilizaji atakayeliona, na nikienda kutyuni kinanda kile huwa najua lilipo bila kuhesabu. Mara ya mwisho nilimkuta mwanafunzi mpya kwenye vitufe, mimi nikiwa juu ya ngazi katikati ya mabomba. Nililirekebisha, likakubaliana na wenzake. Nikamwambia abonyeze tena: limepanda.

"Umeligusa?" Fundi akauliza toka chini.

Nilikuwa nimelishika kwa mkono mtupu. Joto la kiganja linatosha kupandisha sauti, hata pumzi zako ukisimama karibu mno. Nikashuka vidato viwili, nikaweka mikono mgongoni, tukangoja lipoe.