Albamu ya nyimbo za wazee wetu: wiki ya sita

Nyimbo nne kati ya nane zimeshaiva. Kwa anayeanza kufuatilia leo: sisi ni bendi ya roki, tuko watano, tunapiga upya dansi la zamani la hapa hapa Tabora, la Kiko Kids ya Salum Zahoro na la Tabora Jazz waliotamba na mtindo wao wa Segere Matata.

Wiki nzima imeishia kwenye wimbo mmoja, na tatizo lilikuwa gita la rithim. Kwenye dansi magita yanaongea: solo likisema, rithim linajibu kwenye mapengo, besi inatembea chini yao. Tulipowasha pedali ya mkwaruzo, kile kifaa cha mguuni kinacholifanya gita lingurume, kwenye magita yote mawili, maongezi yakafa. Mkwaruzo huzaa sauti za ziada juu ya kila noti, na noti kadhaa zikikwaruzwa kwa pamoja, sauti hizo zinagombana. Ndiyo maana wapiga roki wengi hushika noti ya kwanza na ya tano za ngazi ya muziki, ya tatu wanaiacha. Sasa nyimbo hizi utamu wake uko kwenye hiyo ya tatu!

Jumatano babu mmoja wa jirani, aliyezicheza ukumbini enzi za ujana wake, alikuja kusikiliza. Tulipomaliza akauliza, "Wajukuu zangu, gita la pili mmelificha wapi?" Sikulala vizuri usiku ule.

Alhamisi tukaanza upya. Kwenye mashairi magita yote yanapigwa safi, mkwaruzo unasubiri chemko, ile sehemu ya mwisho ambapo muziki unachangamka. Hapo wimbo unalipuka wenyewe, na ninaamini kabisa chemko na roki ni ndugu. Rithim hatuligusi hata huko. Linalokwaruzwa ni solo tu.

Ijumaa mvua ilitwanga mabati, magodoro tuliyoegesha ukutani hayakufua dafu. Tukarekodi besi peke yake, kwa waya moja kwa moja kwenye kompyuta.

Kuhusu ruhusa: hakimiliki hapa nchini inadumu maisha yote ya mtunzi na miaka 50 baada ya kifo chake. Kwa hiyo tunapitia COSOTA, ofisi ya hakimiliki ya Tanzania, na kuzitafuta familia za watunzi, na hatutoi wimbo hata mmoja kabla ya hapo.

Jumamosi ijayo ni sauti. Babu ameahidi kuja kuitikia kiitikio.