Omena Juu ya Mlima Elgon

Mama yangu huuza omena sokoni Kibuye, kwa hiyo pua yangu haidanganyiki kwa harufu ya samaki. Nalisema hilo mapema kwa sababu yaliyonipata Mlima Elgon Januari nimewasimulia watu kadhaa hapa Kisumu, na wote wamenicheka.

Safari yenyewe ilikuwa ya kuona mapango ya ndovu. Mwenyeji wangu alikuwa mwalimu wa bayolojia kule Kitale, tuliyesoma naye, na shule zilikuwa bado hazijafunguliwa. Nilipanda matatu alfajiri: Kakamega, Webuye, Kitale. Njia hiyo ina mandhari mazuri, naambiwa. Mimi nilikaa kiti cha nyuma kabisa, juu ya gurudumu, tukiwa wanne penye nafasi ya watatu, na nilichokiona ni kisogo cha mzee aliyebeba kuku.

Kesho yake tukaazima Probox, tukapita Endebess huku vumbi jekundu likituingia hadi kwenye meno, tukapata pancha moja, na kufika lango la Chorlim jua likiwa limeshapanda. Pale tukapewa askari wa wanyamapori wa kutembea nasi, bunduki begani. Mwalimu akawa anamwita afande, naye afande akawa anamwita mwalimu, na mimi nikabaki kuwa madam.

Ukiingia chini ya mipodo, baridi inakupokea papo hapo. Mbega walikuwa wanaruka juu kwa juu, mikia myeupe ikiwafuata. Kwenye matawi kulining'inia nyuzi za kijani iliyopauka, ndefu kama ndevu, nami nikauliza ni mmea gani.

"Si mmea," mwalimu akasema. "Ni kuvumwani, yaani kuvu na mwenzake wanaoishi pamoja kama kitu kimoja. Lakini hizo za ndevu zimezoeleka. Ngoja nikuonyeshe nyingine yenye majani."

Tukaipata karibu na pango la Makingeny, lile ambalo maji huanguka mbele ya mlango wake. Kiangazi kilikuwa kimeyapunguza maji yakabaki michirizi tu. Juu ya shina la mti uliopinda kulikuwa na kitu ambacho ningepita nikidhani ni karatasi iliyoponea moto: vipande vya rangi ya kahawia iliyokaribia nyeusi, vimejikunja kingo, vikavu kiasi kwamba nilipokigusa kimoja kilinong'ona. Juu yake kulikuwa na chembechembe nyeusi kama vumbi la makaa. Mwalimu alisema kila chembe ikivunjika na kuangukia mahali pazuri, yaweza kuota na kuwa nyingine.

Kisha akainua ukingo kwa ncha ya kalamu. Upande wa chini ulikuwa na manyoya laini ya rangi ya maziwa, kama blanketi la mtoto, na ndani ya manyoya hayo vishimo vidogo vyeupe, mviringo kamili, kana kwamba mtu kakaa akavidunga kimoja kimoja kwa pini. Ndimo hewa inamopita. Jina lake la kisayansi ni Sticta, neno lililotoka kwa Kigiriki lenye maana ya madoadoa.

"Hebu mwaga maji," akaniambia.

Nikafungua chupa yangu ya kunywa, nikamwaga kidogo. Sikuhesabu, lakini hata dakika mbili hazikuisha. Kingo zilizojikunja zikaanza kufunguka, karatasi ikawa ngozi, ikalegea na kulala juu ya gome. Ndipo ikaja ile harufu.

Omena. Tena si omena waliokaangwa na nyanya. Ni omena wa gunia, siku mvua inapowanyeshea wakiwa wameanikwa. Nikageuka kumtazama afande, kwa adabu zangu zote nikadhani chakula chake cha mchana kiko mfukoni.

Mwalimu akacheka mpaka akashika mti. Kumbe harufu ya samaki ndiyo inayozitambulisha baadhi ya Sticta zikilowa.

Afande naye akainama, akanusa. "Miaka yote hii nikipita hapa nilidhani ni upele wa mti," akasema.

Si upele, wala hainyonyi mti. Mti ni mahali pa kukaa tu. Kuvu hujenga nyumba na kushika maji, mwenzake hupika chakula kwa mwanga wa jua. Kwa kuvumwani nyingi mpishi huyo ni mwani wa kijani. Kwa hii nyeusi ni sianobakteria, yaani bakteria wanaopika kwa jua kama mimea, ambao pia huchukua naitrojeni hewani, hivyo kipande kikianguka na kuoza, udongo unapata mbolea bure. Ila wana masharti. Wale wenye mwani wa kijani huamshwa hata na unyevu wa hewa peke yake. Hawa wa sianobakteria hawaamki mpaka waguswe na maji yenyewe. Nikatazama tena ile michirizi ya mlangoni mwa pango, nikaelewa kwa nini ilichagua kupanga nyumba hapo.

Nilitaka kubeba kipande kimoja. Afande akakohoa. Hifadhi ni hifadhi, nikarudisha mkono.

Mapango tuliyaona. Kitum ina alama za meno ya ndovu ukutani, wanakokwangua mwamba wapate chumvi. Mwalimu alikataa tusiende ndani sana kwa sababu ya popo. Mwaka 1980 na 1987 watu waliokuwa wameingia humo waliugua virusi vya Marburg, ambavyo popo huweza kuvibeba. Sikubishana naye.

Jioni, mtandao uliporudi Endebess, nilimpigia Mama. Nikamweleza yote, majani, vishimo, maji, harufu. Akanyamaza kidogo.

"Kwa hiyo," akasema, "umelipa nauli mpaka mpakani mwa Uganda kwenda kunusa omena?"

"Ndiyo, Mama."

"Na hapa nyumbani nikikutuma Kibuye unasema una mafua."