Nusura Nebelhorn Inipite

Nilikuwa naelekea Oberstdorf, kusini mwa Ujerumani, kutazama mashindano ya kuteleza kwenye barafu ya Nebelhorn Trophy. Treni ya kutoka München hukatwa vipande viwili Immenstadt: mabehewa mengine yanakwenda Oberstdorf, mengine Lindau. Walitangaza, tena si mara moja, ila Kijerumani changu kinaishia kwenye kuomba maji. Nilikuwa dirishani nikihesabu ng'ombe wenye kengele shingoni. Kondakta alipoiona tiketi yangu alitikisa kichwa polepole, kama daktari mwenye habari mbaya. "Behewa hili ni la Lindau, bwana."

Nikashuka Oberstaufen. Saa nzima benchini, baridi ya Septemba ikinipenya hadi kwenye soksi, mkononi kikombe cha chai ambacho kwa bei ile kilistahili kuja na sufuria yake.

Nilipofika ukumbini, nusu ya watelezaji wa kiume walikwisha kucheza. Viti vigumu, hewa ya friji. Nilikotoka mimi barafu hukaa kwenye glasi. Bibi mmoja jirani yangu alinionea huruma, akanigawia nusu ya blanketi lake, na historia juu yake. Nebelhorn Trophy ilianza 1969, akasema, ikapewa jina la mlima huu uliotuinamia. Enzi hizo ilikuwa pacha wa mashindano ya St. Gervais, Ufaransa; nchi iliyofanya vizuri zaidi kote kuwili ilibeba kombe la Coupe des Alpes.

Alipofika 2003 alishusha sauti, kana kwamba majaji wanatusikia. Mwaka uliotangulia, Olimpiki ya Salt Lake City, kashfa ya majaji ilifanya dhahabu ya wachezaji wawili wawili itolewe mara mbili, kwa Warusi na kwa Wakanada. Alama za kuishia 6.0 zikakosa heshima. Mfumo mpya, wa kupima kila mruko kwa thamani yake, ukaanzia hapahapa.

"Zamani nilibishana na majaji," akasema, "siku hizi nabishana na kompyuta."

Kijana mmoja akaanguka mbele yetu. Chuma cha kiatu kikakwangua barafu, unga mweupe ukaruka hadi kwenye ubao.

"Hakuzunguka akamaliza," bibi akanong'ona. Alama zilipotoka zilikuwa kiduchu. Mwaka ambao nchi zilitafuta hapa nafasi za Olimpiki, kama 2009, 2013, 2017 au 2021, anguko la namna hiyo lingeweza kuikosesha nchi nafasi. Bibi alipiga makofi hata hivyo, kwa nguvu, blanketi likanivuka.

Wakati wa kurudi niliuliza watu wanne nikae behewa lipi. Kumbe kwenda München vipande huungana. Popote ningekaa ningefika.