Siku 90 za Steve Harvey

Pale saluni simu yangu naiegemeza kwenye kopo la mafuta ya nywele ili mteja apate cha kuangalia. Rasta ndogondogo ni saa sita nzima, maneno huisha. Jumamosi ikaja video ya Steve Harvey, yule mchekeshaji Mmarekani wa masharubu na suti za rangi, na ile nasaha yake kwa wanawake: "biskuti" usimpe mwanamume kabla ya siku 90. Mteja akacheka mpaka mstari ukanipotea kichwani mwake.

Kisha akasema, "Huyu si ameoa mara tatu? Atatufundisha nini?"

Kweli, ndoa mbili zilivunjika. Ya tatu, na Marjorie, alifunga 2007, na 2009 tayari katoa kitabu cha mapenzi. Na hizo siku 90 hakuzipata msikitini wala kanisani. Mwenyewe anasema alizitoa Ford, kampuni ya magari alikowahi kufanya kazi: mfanyakazi mpya hakupewa bima ya afya mpaka azimalize. Yaani mwanamume naye awekwe kwenye majaribio. Mimi hapo sikubaliani naye. Mjanja anajua kuhesabu, siku ya 91 utamkuta mlangoni na begi.

Ila mtu huyu utotoni alikuwa na kigugumizi. Mwaka 1985, kule Cleveland, alipanda jukwaani kuchekesha, akashinda dola 50, akaacha kazi ya kuuza bima. Dola 50! Baadaye akawa analala kwenye gari lake. Televisheni ilikuja, kisha redio ya asubuhi, na huko ndiko wanawake walikoanza kumpelekea kesi za wanaume wao. Akawajibu kwa utani, kitabu kikazaliwa. Mwaka 2012 akaaga vichekesho vya jukwaani.

Kinachombeba, kwa macho yangu, ni kunyamaza. Mtazame kwenye Family Feud, lile shindano la maswali la televisheni analoliendesha, mtu akitoa jibu la ovyo. Hasemi kitu. Anageukia kamera, macho yamemtoka, mdomo umeachama, ukumbi unaanguka. Sasa mletee huyo mwanamke wa "ananipenda sana ila kwao hanipeleki". Akimkodolea tu vile, jibu mtu atalipata mwenyewe.

Shangazi yangu wa Tanga alikuwa kungwi, na alikuwa hivyohivyo. Aliigiza mume mlevi anavyotafuta tundu la ufunguo, wanawake wakalia kwa kicheko, kanga zikawadondoka. Katikati ya kicheko anachomeka neno moja, chumba kinapoa. Naye aliachika mara mbili, na wenye mabinti walimgombania.

Nikamuuliza mteja, "Na wewe wako, leo siku ya ngapi?"

Akanyamaza. Nikaona vidole vinahesabu chini ya kitambaa.

"Arobaini na moja."

"Inama," nikamwambia, "nimalizie kisogo."